Bunduki Juu ya Meza ya Kulia

Jumamosi ile Régis alirudi nyumbani mchana na bunduki ya kampuni, ameiviringisha katika shuka la mtoto alilolichukua asubuhi bila kuuliza. Joséline alikuwa jikoni anachambua mchele. Aliposikia kitu kizito kikiwekwa juu ya meza ya kulia, alikuja hadi mlangoni na sinia mikononi, akasimama hapo.

“Funga mlango,” Régis alisema. “Na pazia.”

Walikaa Mayfair, Johannesburg, vyumba viwili juu ya duka la Wasomali wanaouza mazulia. Walitoka Buyenzi, Bujumbura, wakiwa bado wachumba. Régis alianza kwa kulinda magari ya watu kwenye maegesho, miaka ikapita, akapata ukaazi wa kudumu, akafuzu mafunzo ya silaha, akaajiriwa na kampuni inayokusanya fedha za maduka. Joséline alikuwa msusi katika saluni moja Fordsburg. Kanisani waliwaita watu wenye bahati. Hakuna aliyeuliza kwa nini Joséline alivaa mikono mirefu hata Desemba, jua la Johannesburg linapochoma mpaka lami inalainika.

“Wamekuruhusu kuileta hapa?” aliuliza.

“Steve amesema sharp, hakuna neno.” Steve alikuwa msimamizi wake. “Jumatatu asubuhi irudi ghalani kabla hawajakagua. Springi yake imechoka, na nikiiacha kwa fundi wao itakaa huko wiki nzima na zaidi, na asiye na bunduki hapandi gari. Au unataka nishinde hapa naitazama sura yako?”

Joséline aliweka sinia kando. Alikuwa amejifunza kwamba maswali ya namna hiyo hayajibiwi.

Régis alifungua bia, akatandaza gazeti, akaanza kuifungua bunduki. Kwa kazi hiyo alikuwa mtu mwingine kabisa: mikono taratibu, midomo imebana, kama mtu anayemvalisha mtoto mchanga. Akatoa kipande kimoja cha chuma, na ndani yake akachomoa springi ndogo, fupi kuliko ukucha wa kidole cha mwisho. Akaiweka kwenye kisosi. Mfukoni akatoa kibahasha cha plastiki chenye springi nyingine mpya, akaiweka kwenye kisosi cha pili. Kwa kutupia jicho tu, zilifanana kama pacha.

“Njoo uone,” alimwita. Alipenda kufundisha akiwa amekunywa. “Kila risasi ikitoka, kuna kucha humu ndani inayovuta ganda tupu na kulitupa nje. Kucha hiyo inakazwa na kidude hiki. Hiki kikichoka, bunduki nzima ni fimbo. Unasikia? Fimbo ya kuchungia mbuzi.”

“Nasikia.”

“Husikii kitu. Wewe unajua rasta tu.”

Benita alitoka chumbani. Alikuwa na miaka minane, amezaliwa hapa hapa, Kiswahili anakielewa lakini anajibu kwa Kiingereza, jambo ambalo baba yake alilichukulia kama tusi. Aliona kilicho mezani, akataka kurudi alikotoka.

“Simama hapo hapo,” Régis alisema.

Aliokota ile sehemu ndefu yenye mtutu na kitako, akaiweka begani, akafumba jicho moja.

“Baba Benita,” Joséline alisema.

“Napima macho. Benita, usitikisike. Sema shikamoo.”

Mtoto alikuwa ameganda kwenye fremu ya mlango. Midomo yake ilichezacheza, sauti haikutoka.

“Shikamoo, baba. Sema. Kwa Kiswahili.”

“Baba Benita, nakuomba!”

“Haina hata risasi, pumbavu. Sema!”

Kilichotoka kwa Benita hakikuwa neno. Mkojo ulimteremka miguuni, ukatengeneza kidimbwi kwenye vigae. Régis alicheka mpaka akakohoa, akashusha mtutu.

“Mkubwa mzima. Mama yake, futa.”

Joséline alifuta. Akiwa amepiga magoti na kitambaa, aliona miguu ya mwanawe ikitetemeka, na kitu fulani ndani yake kikakaa kimya kabisa. Alimpeleka Benita bafuni, akamvua, akamwosha kwa maji ya vuguvugu. Usiku wa leo bunduki italala humu, aliwaza. Na kesho. Ikishatengenezwa, ni risasi tu zitakazokosekana, na risasi zipo kwenye mkanda wake.

Chini barabarani mtu akapiga mluzi. Régis aliinua kichwa. “Hénock huyo.”

Hénock alikuwa mwenzake wa garini, Mkongomani wa Uvira, mtu mnene mwenye sauti ya polepole. Mkewe Marthe alipenda kumtuma kwao na bakuli la sombe, kisamvu cha Kikongo, kila alipopika. Kati ya wanaume wote waliomjua Régis, ni yeye peke yake aliyewahi kumwambia mbele ya watu, “Ndugu yangu, mkono huo uupumzishe, huyo ni mama wa mtoto wako.” Régis hakumsemesha mwezi mzima, kisha wakapatana, maana kwenye gari lile mtu anahitaji mwenzake.

“Nashuka mimi. Sitaki apande akaanza mahubiri,” Régis alisema, akatoka.

Joséline alisikia hatua zake ngazini. Akasogea mezani. Mikono yake ilikuwa imezoea kugawa nywele nyembamba kwa ncha ya kitana. Springi mpya akaipeleka kwenye kisosi cha zamani, ya zamani kwenye kisosi cha mpya. Kisha akaona haitoshi. Anaweza kugundua na kuzibadili tena. Akaichukua ile mpya, akaingia chooni, akaitupa, akavuta maji.

Régis alirudi na bakuli. Akaweka springi iliyokuwa upande wa mpya mahali pake, akaunganisha, akavuta na kuachia, akavuta na kuachia. Chuma kikalia vizuri. Kisosi kingine hakukitazama. Alikwishaanza bia ya pili.

“Sasa hii ni bunduki,” alisema.

Na Joséline, akipakua sombe ya Marthe, alijiambia: sasa hiyo ni fimbo. Alilala vizuri usiku ule na ule uliofuata kuliko alivyolala miezi mingi. Kwamba Jumatatu ile fimbo itapanda gari na kwenda kazini, alilijua, kama mtu anavyojua kwamba upande wa pili wa dunia kuna watu. Hakulifuata wazo hilo lilikoelekea.

Jumatatu, mchana, Régis aliingia nyumbani shati lake likiwa limekakamaa kwa damu. Haikuwa yake. Alikaa sakafuni, mgongo ukutani.

“Walikuwa wanne,” alisema. “Pale Soweto, mlango wa nyuma wa duka la jumla. Hénock alikwishashuka na sanduku. Nikafyatua, moja ikatoka. Ya pili, hakuna. Ganda limekwama ndani. Nikavuta. Nikavuta, Joséline. Aliniita. ‘Régis, piga. Régis, piga, baba.’ Wakamfuata pale pale alipolala. Wakamaliza. Wakachukua sanduku, wakanitazama na ile bunduki yangu, mmoja akacheka.”

Joséline alishika kiti. Alifungua mdomo, na pengine angesema. Lakini Régis aliinua macho mekundu, akasema, “Nikimjua aliyeniuzia springi mbovu, naapa namchinja kwa mkono wangu,” na mdomo wake ukajifunga wenyewe.

Wakaguzi waliifungua bunduki kesho yake. Ndani wakakuta springi kongwe, imelika upande mmoja. Régis aliitambua. Alikuwa ameitazama wiki nzima kabla ya kununua nyingine. Steve akasema mbele ya wakubwa kwamba hajawahi kumruhusu mtu yeyote kutoka na silaha na kwamba wageni hawa hawafuati taratibu. Régis akafukuzwa siku hiyo hiyo, akafunguliwa kesi ambayo kila ikitajwa inaahirishwa.

“Nimezichanganya mwenyewe,” alimwambia mkewe. “Nilikuwa nimekunywa. Nimechukua ya zamani nikairudisha kwa mikono yangu hii.”

“Kwani ulikunywa ngapi?” Joséline aliuliza. Alijisikia akiuliza, na sauti ilikuwa tulivu.

“Mbili.”

“Hmm,” alisema.

Msibani, kwenye ua wa nyumba waliyopanga akina Hénock, watu walimpisha Régis kama anayenuka. Marthe alikaa kwenye mkeka kati ya akina mama. Alimwacha afike karibu, apige magoti, ndipo akauliza ili wote wasikie:

“Ulikuwa umelewa ulipoitengeneza?”

“Shemeji, nilikunywa bia mbili.”

Marthe alimtemea mate usoni. Régis hakuyafuta. Mama mmoja alisema kwa sauti, “Mungu na amlipe,” na wengine wakaitikia amina. Joséline alikuwa amekaa bega kwa bega na Marthe, ameushika mkono wake. Aliitikia na yeye.

Tangu hapo Régis hakugusa pombe. Hakumgusa na mkewe pia, si kwa ngumi wala kwa mapenzi. Alikaa nyumbani, akapika, akafua, akaomba msamaha kwa makosa ya miaka, akitaja moja moja: jino lile, siku ile ya Krismasi, mimba ile. Joséline alimsikiliza huku akichana mawigi ya wateja. Alikuwa ameisubiri toba hiyo miaka na miaka, na sasa imekuja, alikuta haina ladha. Kulikuwa na siku alizotamani kumwambia ukweli. Lakini kila alipolipima neno lile ulimini, alimwona Régis akisimama, mzito tena, mkono wake ukirudi kuwa mkono ule wa zamani. Akalimeza.

Badala yake aligundua neno jingine. Ilikuwa jioni, wali umeungua kidogo, na Régis akasema kwa sauti iliyopanda kwamba mkewe hata harufu hakuisikia. Sauti tu, mkono haukuinuka. Joséline hakugeuka kutoka jikoni.

“Muulize Hénock kama wali umeungua.”

Alipochungulia, Régis alikuwa amekaa, viganja juu ya mapaja, kama aliyepigwa kwa nyuma. Alikula wali wote, na ukoko.

Lilikuwa neno zuri sana. Mwanzoni alilitumia pale alipoogopa. Baadaye alilitumia alipochoka, kisha alipoboreka. Akiulizwa kwa nini amechelewa kurudi: muulize Hénock. Akiombwa nauli ya kwenda kutafuta kazi: Hénock angekupa, si alikuwa mkarimu? Alijua anachokifanya. Wakati mwingine, akitoka bafuni, alijiona kwenye kioo na kujiuliza lini amekuwa mtu wa namna hii, kisha akapaka mafuta, akaenda kulala.

Siku moja Régis alimwomba Benita apunguze televisheni. Aliomba kwa upole. Siku hizi aliomba kila kitu kwa upole. Mtoto, ambaye Kiswahili chake hakikuwahi kuvuka salamu mbili tatu, alimtazama baba yake usoni na kusema, maneno yakiwa safi kabisa:

“Muulize Hénock.”

Régis alimtazama mkewe, kama anayengoja. Joséline alikuwa na nafasi ya kumkanya mtoto. Alicheka. Kilikuwa kicheko kifupi, kilichomponyoka, lakini kilikuwa kicheko. Benita naye akacheka, kwa kuwa mama amecheka. Régis alichukua koti, akatoka.

Hakwenda mbali. Alianza kwenda kwa Marthe kila Jumapili, bila kuitwa. Alimbebea mtungi wa gesi, alifagia ua, alizibua mfereji. Marthe hakumsemesha. Siku alizokuwa na nguvu alimfukuza. Siku alizokosa nguvu alimwacha afanye, halafu akaingia ndani kulia. Majirani walisema mtu huyo ameingiwa na kichaa.

Mwezi wa tano Marthe alikuja saluni. Muda wa mjane kukaa bila kusuka ulikuwa umekwisha, na hakutaka mkono wa mtu mwingine. Joséline alimketisha, akamfungulia kitambaa. Nywele zilikuwa zimepungua, na kati yake mvi zimeingia. Alizigawa polepole.

“Mumeo alikuja tena jana,” Marthe alisema, macho kwenye kioo. “Nilikuwa nafua. Nimemmwagia beseni zima, yale maji machafu, kichwani, watoto wa jirani wanaona. Hakuondoka. Akaendelea kufagia vile vile, anatetemeka kwa baridi. Usiku sikulala, dada. Nikasema labda nimepitiliza. Amepiga magoti vya kutosha, labda Mungu anataka nimsamehe.” Alitafuta macho ya Joséline kwenye kioo. “Wewe ndiye unayemjua. Niambie ukweli. Nimekosea?”

Msichana wa kiti cha pili alizima mashine ya kukaushia, saluni ikatulia. Joséline alichota mafuta kwa kidole, akayapitisha kwenye mstari alioufungua, toka paji la uso hadi kisogoni.

“Hujakosea, dada,” alisema. “Akirudi, mmwagie tena.”

Akamwinamisha kichwa mbele, taratibu, akaanza kusuka.