Kinu cha Sange

Siku tatu nilimkalisha bibi yangu Apollinarie kwenye kiti cha plastiki, kitenge cha misa mwilini, kamera mbele yake, na siku tatu hakuimba. Kila asubuhi aliniuliza, "Weye uko nani?" Nami nikajibu, "Olive, Nyogokuru. Mutoto wa Josée." Aliitikia kwa adabu, kama mtu anayesalimiwa na mgeni. Iliniuma, sifichi.

Nilichokitaka ni wimbo mmoja. Katika ukoo wetu, mwanamke anayetwanga mihogo katika kinu cha bibi, hapa kwake Sange, huwataja waliotwanga humo kabla yake, mmoja baada ya mwingine. Mama yangu Josée yumo. Alifariki nikiwa darasa la nne. Aliyebaki kuujua wimbo huo ni bibi peke yake, na kumbukumbu zake zilikuwa zinakwisha. Mimi? Nilikulia Uvira, mtaa wa Rugenge, mihogo yetu tuliipeleka mashineni.

Siku ya nne jirani yake, Capitoline, akaja juu. Tangu nifike nilikuwa nimemkataza kutwanga, eti kelele zake zinaniharibia sauti.

"Olive, batoto yangu batakula hiyo filimu yako?"

Akaanza kutwanga bila kungoja jibu. Nikafungua kinywa nimkaripie, ndipo nikaona vidole vya bibi. Vilikuwa vinagongagonga juu ya goti lake, vikifuata mchi.

Mjinga mimi! Siku tatu nimefukuza kile kile nilichokuja kukitafuta.

Nikaweka kamera juu ya ndoo, nikakitoa kinu cha bibi nyuma ya nyumba, nikamimina mihogo mikavu. Akainuka mwenyewe, akavua kandambili, akashika mchi. Kisha akanitazama kwa ukali.

"Kamata ule mwingine. Hii haiko kazi ya muntu moja."

Nilitwanga vibaya. Michi iligongana, bibi akanigombeza: "Ngoja wangu ushuke kwanza!" Viganja vikachubuka. Nikajiapiza kwamba hata ngozi itoke yote, siachi. Mwendo ulipokaa sawa, wimbo ukaja. Ametwanga Nizigiyimana. Ametwanga Itangishaka. Ametwanga Josée, mwanangu, mkono mwepesi. Nililia huku natwanga.

Bibi akavuta pumzi. "Ametwanga Olive," akaimba, "mkono mzito, atajifunza."

Niliporudi Uvira, binamu yangu Franck, anayeniunganishia filamu, alitazama kazi yangu akashika kichwa. Kutoka juu ya ndoo, kamera ilikuwa imeona kinu na miguu minne tu.

"Sura ya Nyogokuru haionekane. Turudilie."

"Haturudilie," nikamwambia. "Unganisha hivi hivi."

Jumamosi nilikwenda Sange bila kamera. Bibi, aliyekuwa kinuni, akaniuliza, "Weye uko nani?"

Nilishika mchi wa pili, nikangoja wake ushuke kwanza.