Kukalia Kiwanda cha Mama Pyo

Bosi Tak alipofilisika, mahakama ilikipeleka mnadani kiwanda chake cha soli za viatu pale mjini Pocheon. Nilikuwa nimemfanyia kazi miaka minane. Sisi tuliotoka Kambodia tuliamini kwamba huwezi kuhamia kwa mwajiri mwingine mpaka wa zamani akutilie sahihi, na yeye alijua tunaamini hivyo.

Mwezi wa tatu aliniita. Alikuwa na shemeji yake, Guk, fundi wa mapaa.

"Chantu, utahamia chumba cha mlinzi," aliniambia. "Mtu akiuliza, sema umekaa hapo tangu mwezi wa kumi na moja, unamkalia shemeji."

"Lakini bosi, mbona kiwanda kilikuwa kimefungwa tangu mwezi huo?"

"Unataka sahihi au hutaki?"

Nilihama kutoka bweni la wafanyakazi siku hiyo hiyo. Guk akatundika getini bango jekundu la kudai malipo, lenye maandishi makubwa kuliko mimi.

Sheria ya kule nilikuja kuielewa kwa kusikiliza. Fundi aliyefanya kazi kwenye jengo asilipwe ana haki ya kulikalia mpaka alipwe, na hata aliyelinunua mnadani hamtoi. Sharti ni kwamba awe ameingia kabla mahakama haijauandikisha mnada. Huu uliandikishwa mwezi wa kumi na mbili. Ndiyo maana tulihitaji mwezi wa kumi na moja. Guk mwenyewe paa lile aliligusa miaka mingi nyuma, na alishalipwa.

Aliyekinunua ni mjane, Mama Pyo, mwenye karakana ya soksi katika jengo la kupanga. Mwenye jengo alikuwa amempa mpaka mwisho wa mwaka aondoe mashine zake. Mama Pyo alikuja kiwandani mwezi wa tisa, peke yake, na mfuko wa mapeasi. Guk alimpokea getini.

"Mama, tutoe kwa amani. Milioni hamsini tu, tunafungasha."

"Hamsini? Hata soksi yenye tundu sikupi."

"Basi utashona soksi zako barabarani."

Guk akacheka, akaingia kwenye gari lake akaondoka. Mama Pyo akanigeukia.

"Wewe ndiye unayekaa humu, binti yangu?"

"Ndiyo, mama."

"Tangu lini?"

"Mwezi wa kumi na moja."

"Baridi yote ile? Peke yako?"

"Yote."

"Una roho ngumu wewe. Nionyeshe choo basi. Kibofu cha mzee hakina adabu."

Sikuwa na sababu ya kumkatalia. Nilimsikia akifungua mlango, akakawia. Mle ndani bomba lilikuwa limepasuka kutoka juu hadi chini, na chini yake ndoo yangu. Bosi alikataa kulitengeneza. Alisema halikuwa lake tena.

Pocheon hata mtoto anajua kwamba usiku wa barafu mtu huacha bomba likichuruzika uzi mwembamba, maji yasigande na kulipasua. Nyumba yenye mtu bomba halipasuki. Mimi mwenyewe nimeyaachia mabomba ya bweni miaka yote hiyo, lakini siku ya kupanga uongo hakuna aliyekumbuka, si mimi wala wao.

Alitoka akifuta mikono.

"Maji unachota wapi?"

"Kwa jirani, mama."

"Tangu lini?"

Nilitazama viatu vyake. Hakuuliza tena.

"Haya. Kula mapeasi, mwaka huu yametoka matamu."

Niliyala. Yalikuwa matamu kweli.

Aliyenunua mnadani ana miezi sita tangu amalize kulipa kuiomba mahakama amri ya kukabidhiwa jengo. Mama Pyo aliomba mapema, na mwezi uliofuata tukaitwa. Karatasi niliyoitia dole gumba, kwamba niliingia mwezi wa kumi na moja, ilikuwa tayari kwa hakimu.

Nje ya chumba cha mahakama Mama Pyo alikuja akaketi karibu nami, akafungua mkoba kidogo, akanionyesha ukingo wa picha aliyoipiga kule chooni. Niliiona ndoo yangu.

"Mwanangu," alininong'oneza, "wewe ni mtoto wa watu. Ukisema ukweli mwenyewe, hii naondoka nayo nyumbani. Sitaki uaibike mbele ya watu kwa ajili yangu."

Bosi Tak alikuwa amesimama dirishani, ananitazama. Nikageuza uso. Mama Pyo akafunga mkoba, akanipigapiga goti.

Ndani, hakimu aliniuliza.

"Uliingia lini katika jengo hilo?"

"Mwezi wa kumi na moja, mheshimiwa."

Nilisema kwa sauti nzuri, bila kutetemeka. Mama Pyo alishusha pumzi, akaitoa picha, pamoja na maelezo ya fundi bomba kwamba lilipasuliwa na barafu. Hakimu aliitazama, akanitazama.

"Ulikaa na bomba hili kipupwe chote?"

Hapo ndipo niliposema ukweli wote, mpaka habari ya sahihi. Guk alinitukana kwa sauti ya chini. Hakimu hakuandika mengi. Alikuwa na picha, hakunihitaji tena.

Baadaye wenzangu waliniambia kwamba kiwanda kikishafungwa, sahihi ya bosi haina kazi. Ningeweza kuondoka tangu mwanzo.

Amri ilitoka. Mama Pyo alikuja na malori, mashine zake na wafanyakazi sita, wanawake wa makamo. Nilimfungulia geti, nikampa funguo kwa mikono miwili. Nilitamani anitukane. Aliniuliza swichi kuu iko wapi, nikampeleka, akawasha taa zote.

"Na huyu binti ni nani?" mmoja wa wale wanawake aliuliza.

"Huyu ni Chantu," Mama Pyo alisema. "Ndiye aliyekuwa analinda hapa."

Wote sita wakaniinamia kwa heshima. Mmoja akasema, "Pole dada, na baridi hii! Ahsante kwa kutulindia," akanimiminia kahawa kwenye kikombe cha karatasi.

Mama Pyo alikuwa ameshageuka, anaelekeza mashine ya kwanza ishushwe wapi. Ningeweza kusema ukweli. Nikawainamia na mimi, nikapokea kikombe, nikanywa.