Mgomba Uliohudhuria Rufaa

Waliohudhuria ni hawa: Mhandisi Mwesiga, mwenyekiti wa kamati ya rufaa ya chuo, Bi Annastella, katibu, Bwana Kamugisha, mjumbe, Joackim, mwana wa Kamugisha, aliyepewa nafasi ya masomo iliyobishaniwa, Kemilembe, mrufani, kutoka Ijumbi wilayani Muleba, na Kokwijuka, bibi yake mzaa baba, shahidi. Mgomba ulichelewa. Ulifika saa nne na robo.

Kikao kilifanyika chuoni Nyanga, katika chumba kinachopakana na karakana. Mahakama ilikuwa imeamuru shauri lisikilizwe upya, kwa kuwa mara ya kwanza lilitupwa ndani ya dakika sita. Chuo hicho cha uhandisi kilipojengwa, familia tano ziliondolewa katika vibanja vyao vya nyumba na migomba, nacho kikaahidi kwa maandishi kwamba kila mwaka nafasi tano zitatengwa kwa ajili ya watoto wao. Kemilembe alikuwa na A ya fizikia na A ya hesabu. Mwakani umri wake ungevuka kikomo cha kujiunga.

"Kanuni inasema nafasi hizi ni za wakazi wa Nyanga," alisema Kamugisha. "Sisi tunakaa Nyanga. Barua ya mtaa ninayo."

"Mmehamia lini, mzee?" aliuliza Kemilembe.

"Mwaka juzi. Kuhamia ni kosa?"

"Sisi tuliondolewa ili chuo kijengwe."

"Kwa hiyo unakubali, binti, kwamba hamkai tena hapa," alisema mwenyekiti. Annastella akaandika kwamba mrufani amekubali.

Shahidi akatakiwa kuthibitisha mahali kilipokuwa kibanja.

"Ni hapa, waitu," alisema Kokwijuka. "Mlango wetu ulikuwa pale alipokaa huyo kijana. Mbele yake palikuwa na nshakala, ndizi ya kwetu, aliyoipanda mama mkwe wangu."

"Hati iko wapi?"

"Mliichukua ninyi."

Ndipo sakafu ikapasuka. Zege la inchi sita, lililomwagwa na wanafunzi wa mwaka wa tatu, lilifunguka taratibu mbele ya viatu vya Joackim, na chipukizi la mgomba likatoka. Joackim alisogeza kiti. Saa tano mgomba uligusa dari, na mwenyekiti akaagiza mbao mbili za dari zitolewe. Saa sita kasoro robo ulikuwa na mkungu. Kokwijuka, ambaye tangu asubuhi alikaa mikono mitupu, aliinuka akaanza kuondoa majani makavu. Kisha akaomba ngazi ya karakana, akautegemeza mgomba kwayo usianguke kwa uzito.

"Ndiyo yenyewe?" aliuliza mwenyekiti.

"Ndiyo."

"Ya kupika au ya kuivisha?" aliuliza Kamugisha.

"Ya kupika."

Annastella alipima kimo cha mgomba, akakiandika. Mwenyekiti akafungua kanuni, akasoma kwamba kielelezo huwasilishwa kwa nakala tatu. Kemilembe alionyesha machipukizi mawili yaliyokuwa yameota kando ya shina.

"Jumla tatu," alisema.

Mwenyekiti alihesabu, akakubali.

"Lakini huwasilishwa siku saba kabla ya kikao," alisema, akafunga kitabu.

Mkungu ulikatwa ukapelekwa jikoni. Saa nane wajumbe walikula ndizi hizo kwa maharage na sato. Kamugisha aliongezewa mara mbili. Mchuzi ulimtiririka hadi kidevuni, akaufuta kwa barua ya mtaa, akaikunja tena vizuri na kuirudisha mfukoni. Kokwijuka naye aliletewa sahani. Aliitazama, akaifunika kwa kipande cha jani la mgomba, akairudisha.

"Wamezimenya vibaya," alisema.

Saa tisa mwenyekiti alisimama, kijiti cha meno kikiwa bado mdomoni, akawatangazia wote uamuzi.

"Kamati imeridhika, bila shaka yoyote, kwamba kibanja cha familia ya mrufani kilikuwa ndani ya chumba hiki. Rufaa inatupwa, kwa kuwa mrufani anakaa Ijumbi. Mgomba umeota katika eneo la chuo, hivyo ni mali ya chuo, na mikungu itakayofuata italiwa na kamati. Joackim ataziba ufa kwa zege, liwe zoezi lake la kwanza la uhandisi. Aache matundu mawili, kwa ajili ya machipukizi."