Mtandao Uitwao Oola

Jumanne saa nne asubuhi Lakot aliteremka kwenye bodaboda pale Mengo, mbele ya kibanda cha fundi wa kompyuta, amepakata kompyuta ya mezani kama mtu anayepeleka mtoto kliniki. Fundi Wamalwa alipangusa meza kwa kiganja, akaipokea. Kompyuta yenyewe ilikuwa nzima. Ilikosa intaneti tu, na kwa ajili hiyo Lakot alikuwa amenunua adapta ya waifai, kidude kidogo kuliko kucha ya dole gumba, cha kuchomeka kwenye tundu la USB.

"Nimechomeka nyumbani, haitaki," alisema.

"Haijui ni kitu gani. Lazima niiwekee draiva, ile programu ya kuifundisha."

"Basi ifundishe haraka, fundi. Saa kumi wanafunga."

Waliokuwa wanafunga ni ofisi ya orodha ya askari, katika kambi alikokuwa akiishi. Mume wake, Koplo Oola, mtu wa redio, alipelekwa misheni nje ya nchi miaka mitatu iliyopita. Gari lake lililipuka darajani, likatumbukia mtoni, na wenzake wanne waliliona likizama. Mwili haukupatikana. Aliitwa kwa redio mara tatu, hakujibu, na karani akaandika: mtoro. Kabla yake waliandikwa hivyo Obita na Ochan. Mama yake Ochan alizunguka na barua ya walioshuhudia kifo cha mwanawe mpaka ikachanika kwenye mikunjo. Alipoibandika kwa gundi, akaambiwa karatasi iliyobandikwa haipokelewi. Wakubwa waliotia sahihi maandishi hayo ya utoro wamepandishwa vyeo, wote, na hakuna hata mmoja aliyesahaulika.

Safari hii barua ya ofisi ya orodha ilisema kwamba kila askari mwenye utata ajithibitishe mtandaoni kabla ya Jumanne hiyo saa kumi jioni. Asipofanya hivyo, familia yake itakabidhi nyumba siku ya Ijumaa na watoto wake watatoka shule ya kambi. Fomu haikufunguka kwenye simu. Lakot alitaka kuifikia sehemu ya maelezo tu, aandike kwamba mume wake alikufa. Binti yao, Adoch, alikuwa darasa la saba, na mitihani ilikuwa imebakiza wiki tano.

Adapta ilikuja na sidii ya draiva, nayo kompyuta haikuwa na pa kuingizia sidii. Wamalwa akaiambia itafute draiva yenyewe. Ikamjibu kwamba kwanza aiunganishe na intaneti.

"Muone huyu," Wamalwa alicheka. "Anataka intaneti ndiyo nimpe intaneti."

"Huyo amesomea kambini kwetu," Lakot alisema.

Wamalwa alinakili namba ya kifaa, akaitafuta kwenye simu yake, akapakua draiva na kuihamisha kwa flashi. Ya kwanza ilikataa. Ilikuwa ya adapta nyingine inayofanana na ile kwa sura. Ya pili ilileta onyo kwamba aliyeitengeneza hajulikani, je, aendelee?

"Twende, mama?"

"Twende, bambi, tafadhali. Nimechoka."

Akabonyeza. Alama ya manjano ikatoweka, taa ya adapta ikawaka, na orodha ya mitandao ikajitokeza. Kulikuwa na wa duka la dawa, wa kinyozi, wa shule ya jirani. Juu yake yote, wenye mistari kamili, ulikuwapo mtandao uitwao OOLA. Haukuwa na nenosiri.

"Huu ni wa nani?" Wamalwa aliuliza.

"Ni wa kwangu. Unganisha."

Akaunganisha. Kasi ilikuwa nzuri. Maji kidogo ya tope yalichuruzika kutoka kwenye tundu la USB, na Wamalwa akayakausha kwa kitambaa cha kufutia skrini.

Fomu ilifunguka, na kabla Lakot hajagusa kibodi ikaanza kujijaza, kwa herufi kubwa tupu, kama Oola alivyozoea kuandika. Namba ya askari. Jina la mama: ATOO. Jina la mke: LAKOT. Mahali ulipo sasa: MTONI, CHINI YA GARI, UPANDE WA KUSINI WA DARAJA. Kwenye hali ya askari palikuwa na majibu matatu ya kuchagua: yuko kazini, amestaafu, ametoroka. Kufa hakukuwapo, kwa sababu wafu hujaziwa fomu yao na kamanda. Mshale ulizunguka juu ya yote matatu. Mwishowe ikachagua kazini.

Lakot akavuta kibodi, akaandika kwenye maelezo: *Baba Adoch, waambie umekufa.*

NIMEKUFA TAREHE 9 MACHI, SAA 11 ALFAJIRI, Oola aliandika, na fomu ikatumwa.

Saa kumi kasoro robo simu ya Lakot iliita. Alikuwa Odyek, karani wa orodha.

"Mama Adoch, hongera. Mzee amejibu."

"Amejibu kwamba amekufa, afande."

"Nimesoma. Lakini amejibu mwenyewe. Angekuwa amekufa, angejaziwa na kamanda."

"Yuko chini ya gari, afande! Ameandika mpaka upande wa daraja."

"Ndiyo. Kwa hiyo mahali alipo anapajua vizuri. Miaka mitatu, na haripoti. Wewe mwenyewe mama, huyo ungemwita nani?"

"Asipojibu, mtoro. Akijibu, mtoro."

"Lakini zamani tulikuwa tunakisia," Odyek alisema, na sauti yake haikuwa na ubaya wowote. "Sasa tuna uthibitisho. Ijumaa lete funguo zote mbili."

Wamalwa alikuwa amesikia. Alikaa akiitazama ile taa ndogo.

"Mama, hii draiva naweza kuiondoa."

"Ukiiondoa, na wao watafuta walichoandika?"

"Hapana."

"Basi iache."

Ijumaa alikabidhi funguo, akahamia chumba kimoja Ggaba, karibu na soko la samaki. Adoch hakufanya mitihani mwaka huo. Mtandao ulihama nao, mistari ikiwa kamili. Jirani yao Moreen, muuza samaki, aliomba kuutumia, akaruhusiwa. Alilalamika tu kwamba simu yake inapata unyevu.

Jioni Oola aliwaandikia, si mengi. Aliuliza kama paa linavuja. Lakot alimjibu, na kila mara alijuta kwamba ni yeye aliyemfungulia njia, maana kule mtoni mume wake alikuwa amepumzika.

Kila siku saa moja kamili asubuhi mashine ya ofisi ya orodha huwaita watoro wote waliothibitishwa, mmoja mmoja, kwa namba. Oola hujibu NIPO. Kila akijibu, jina lake huongezewa siku nyingine ya utoro.

*Baba Adoch,* Lakot alimwandikia usiku mmoja, *wakikuita usijibu. Nyamaza tu. Wakikukosa, labda watakuacha.*

Tope lilichuruzika mpaka ukingo wa meza, na Adoch akaweka sahani chini yake.

NIMEKUPATA, Oola aliandika, kama alivyozoea kujibu redioni. LAKINI NINAITWA.

Asubuhi, saa moja kamili, alijibu.