Wageni wa Saa Kumi

Kila siku ya kazi Gaudiose alimwogesha Bwana Trilok saa tatu asubuhi kwa maji ya vuguvugu, akianzia miguuni kwa sababu mzee mwenyewe alipenda hivyo. Nyumba ilikuwa Carrollton, Amerika, ya matofali mekundu, na bafu la chini lilikuwa limefungwa vyuma vya kushikia tangu mzee alipoletwa kwa binti yake kutoka India, baada ya kiharusi kidogo. Jumatatu moja ya Februari, Gaudiose alipofika mgongoni, alikuta alama ya dole gumba, ya wino wa zambarau, chini kidogo ya bega la kushoto. Akaisugua kwa sabuni, haikutoka. Akaisugua kwa dodoki, mzee akalalamika, akaacha.

Saa kumi jioni mwenye dole akabisha hodi.

Alikuwa mwanamume mwembamba wa makamo, shati limefungwa vifungo mpaka shingoni, na alikuwa amekufa tangu miaka ambayo Gaudiose alikuwa bado akibebwa mgongoni. Alilieleza hilo mwenyewe, bila makuu. Jina lake Bansilal, kazi yake fundi cherehani. Alikuwa amekuja kwa treni, kisha akatembea kutoka kituoni, na njia ya waenda kwa miguu ilikatika mara mbili, jambo lililomchosha. Akavua viatu mlangoni. Alizungumza lugha ya kwao na Gaudiose akamwelewa, kama alivyokuwa akiwaelewa watu wa kila aina kwenye foleni ya maji katika kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu. Watu wanaongojea kitu kimoja huelewana.

"Nimekuja kuona karatasi niliyotia dole," alisema Bansilal. "Nilipotia ilikuwa tupu. Nataka kujua waliandika nini juu yake."

Hapa inafaa kusema kidogo habari za Bwana Trilok. Hakuwa polisi wa kukimbizana na wezi wa kuku. Alianza akiwa inspekta, akawa mkuu wa polisi wa wilaya, akamaliza akiwa mkuu wa polisi wa jimbo zima, na sifa yake kubwa ilikuwa kwamba kesi zake hazikuchelewa. Mahabusu wake walikiri kabla ya siku ya tatu. Wale wachache wasiokiri walijaribu kutoroka, daima alfajiri, daima kwenye daraja lile lile, na ajabu ya watoro hao ni kwamba risasi ziliwaingia kifuani. Kituoni kulikuwa na bunda la karatasi nyeupe, na kila aliyeletwa alitia dole gumba sehemu ya chini ya karatasi kabla hata hajaulizwa jina. Maandishi yalikuja baadaye, ikishajulikana kinachohitajika. Alipata nishani. Alipostaafu, watu wanaopenda mambo yaende haraka walimpigia kura, akaingia bungeni, kisha akawa waziri. Kiharusi kilimkuta ofisini.

Gaudiose alimkaribisha Bansilal sebuleni akachemsha chai. Kwao Burundi mgeni haulizwi shida yake kabla hajapewa cha kunywa, na anayempa hukionja kwanza, mgeni ajue hakuna sumu. Bibi yake alimfundisha la zaidi: mtu uliyemwonjea kinywaji humkani tena mbele za watu. Akaonja, akampa. Bansilal alikishika kikombe kwa mikono miwili mpaka kikapoa.

Bwana Trilok aliletwa kwa kiti chake cha magurudumu. Akamtazama mgeni kwa adabu ya mtu aliyezoea kutazama wengi.

"Faili liko juu," alisema. "Rudi kesho."

Bansilal alishukuru, akavaa viatu, akaondoka. Kesho yake alirudi, kwa kuwa ndivyo alivyozoea, na mgongoni kwa mzee kulikuwa na madole mengine mawili. Wenyewe wakaja naye. Gaudiose aliona aibu. Hakuwa na kosa lolote, lakini alikuwa ameshika sinia la vikombe katika nyumba ambamo watu wanadanganywa, na aibu haiulizi nani mwenye nyumba.

Kufikia mwisho wa Machi mgongo ulikuwa umejaa mpaka kiunoni na sebule haikutosha. Chama cha wenye nyumba wa mtaa ule kilituma barua kuhusu viatu vilivyozagaa barazani, kikinukuu kanuni. Sunanda, binti wa mzee, alinunua rafu ya viatu na sabuni ya aina nyingine.

Kathure, muuguzi Mkenya aliyemtafutia Gaudiose kazi hii, alikuja kila Alhamisi kumpima mzee. Aliutazama ule mgongo kwa tochi ya simu.

"Hii si rash," alisema. "Na pressure yake iko sawa kabisa. Hao watu wa sebuleni ume-chart?"

"Niandike wafu, dada?"

"Wafu hapana, form haina mahali ya wafu. Andika visitors, weka number, u-sign. Ukishaandika si mzigo wako tena."

Gaudiose aliandika. Siku ile, wageni walipokuwa wakivaa viatu, Bansilal alibaki nyuma.

"Wewe umetuona," alimwambia. "Sisi tukisema tulikuja, hakuna anayetuamini. Mtu akikuuliza, sema tulikuja. Hatutaki zaidi ya hilo."

"Nitasema," alijibu Gaudiose, na alimaanisha.

Mwezi wa Aprili chama cha siasa cha Bwana Trilok kilitaka kumpeleka katika baraza la juu la bunge. Huko hakuhitaji kuhutubia mikutano wala kusimama kwa miguu yake. Alihitaji kuteuliwa tu. Lakini gazeti moja la kwao lilikuwa limeandika kwamba wafu wa jela zake wanamtembelea Amerika, na wapinzani wake wakalishikia bango.

"Lisemwalo lipo," alisema Kathure, akikunja kipimo chake. "Si uongo, si wako hapo wanakunywa chai?"

"Hawanywi. Wanashika tu vikombe."

Chama kiliamua habari hiyo ikanushwe rasmi, kwa kiapo cha mtu asiye wa ukoo, anayeshinda mle nyumbani kila siku. Mtu huyo alikuwa mmoja tu.

Jumamosi walikwenda Houston, ambako umoja wa watu wa jimbo lao ulikuwa umeandaa karamu ya kumtuza mzee. Sunanda aliendesha, mzee akalala kiti cha mbele, Gaudiose nyuma pamoja na dawa na mashati mawili ya akiba. Walipofika hotelini waliwakuta wageni wa saa kumi wametangulia. Walikuwa wamewekwa meza za mwisho, karibu na mlango wa jikoni, na wahudumu walikuwa wakiwamiminia maji. Bwana Trilok alivishwa shada la maua na shali ya hariri. Msemaji alimwita mtu ambaye mikono yake haina doa, na ukumbi ukapiga makofi. Wageni wa meza za mwisho nao walipiga, kwa heshima.

Baada ya chakula Sunanda alimwita Gaudiose katika chumba kidogo cha pembeni. Mzee alikuwamo, na wakili, na mezani karatasi nyeupe.

"Ni maelezo mafupi tu," alisema Sunanda, kwa Kiingereza cha taratibu alichokitumia kwa wafanyakazi. "Kwamba unamtunza baba, kwamba yuko mzima, kwamba nyumbani hafiki mtu."

"Mbona hakuna kitu, mama?"

"Wakili bado anatafuta maneno mazuri. Wewe tia sahihi chini, yeye atajaza. Na barua yako nimeileta."

Akaiweka kando ya karatasi. Ilikuwa barua ya mwajiri, ile ambayo Gaudiose aliiomba tangu Desemba. Protais, mumewe, alikuwa amebaki Nyarugusu, mwaka wa saba sasa, na binti yao Mélissa alikuwa amesahau sauti yake isipokuwa ile ya simu. Fomu zote za kumleta zilikuwa tayari katika bahasha, Lewisville alikoishi na binti yake, juu ya friji. Ilikosekana barua hiyo tu, na dirisha la kupeleka maombi lingefungwa Ijumaa iliyofuata.

Gaudiose alitazama mlango. Ulikuwa wazi, na kupitia uwazi aliziona meza za mwisho. Bansilal alikuwa akimtazama. Hakumpungia mkono wala hakukunja uso.

Mnyonge hana haki, watu husema, na mara nyingi husema ili wapate usingizi. Gaudiose alitia sahihi.

"Na dole gumba," alisema wakili, "kwa uhakika zaidi," akafungua kisahani cha wino wa zambarau.

Hapo Bwana Trilok, ambaye tangu kiharusi hakuweza kushika kijiko bila kumwaga, alinyoosha mkono wa kulia akalichukua dole gumba la Gaudiose. Mkono haukutetemeka. Alilibonyeza katika wino, akalipeleka sehemu ya chini ya karatasi, akaliviringisha kutoka kushoto kwenda kulia, taratibu, akaliinua bila kuchafua. Alama ilitoka safi, kila mstari ukionekana. Mzee akalipangusa dole hilo kwa ncha ya shali yake.

"Vizuri," alisema.

Barua ingefika kwa wakati. Protais alipiga simu kesho yake, Jumapili, akalia kwa furaha, akauliza mwajiri gani huyo mwenye moyo hivyo. Gaudiose alimwambia mtandao ni mbaya, akakata. Aliosha dole lake kwa sabuni ya vyombo, kisha kwa ndimu, kisha akavaa plasta. Mélissa alipouliza, alisema amejikata.

Jumatatu saa kumi walikuja. Gaudiose alipanga vikombe kwenye sinia na kuonja kimoja kimoja, lakini alipokifikia cha Bansilal alikiinua, akashindwa kukifikisha mdomoni, akakirudisha, akalishika sinia kwa mikono miwili. Maji ya macho yalimtoka akiwa amesimama mbele ya watu wote, na hakuwa na mkono wa kuyafutia.

Bansilal aliitazama ile plasta.

"Na wewe," aliuliza, bila ukali, "wamekuandikia nini?"

"Sijui," alisema Gaudiose. "Ilikuwa tupu."

Bansilal alitikisa kichwa kuonyesha amesikia. Kisha akasogea kwenye kochi, akamgusa aliye kando yake naye asogee, na huyo akamgusa wa tatu, mpaka ikapatikana nafasi ya mtu mmoja.

Gaudiose akaweka sinia chini, akavua viatu, akaketi.