Dawa Aliyoigawa Mume Wangu

Mimi ni fundi wa miwani. Siku hiyo nilikuwa karakana nasaga lenzi ya mteja, nikaona pembeni mwa jicho la kushoto kumeanza kumetameta, mistari imepindapinda kama meno ya msumeno. Nikazima mashine. Lenzi haikuwa na kasoro. Kilikuwa kipandauso kinabisha hodi, nami nikaanza kutafuta mkoba wangu.

Watu wakisikia kipandauso husema, aa, kichwa tu hicho. Natamani niwaazime changu mchana mmoja. Mwanga unachoma, harufu ya sabuni inatapisha, na upande mmoja wa kichwa unagongwa nyundo mpaka keshokutwa. Parasetamoli haikufua dafu. Ibuprofeni pamoja na dawa ya kuzuia kutapika ilinisaidia kwa muda, kisha nayo ikasalimu amri. Ndipo daktari akaniandikia sumatriptani. Kabla ya kuandika alinihoji kuhusu moyo na presha kuliko alivyonihoji kuhusu kichwa, maana dawa hiyo hubana mishipa ya damu, na mgonjwa wa moyo haimfai kabisa. Akanionya nisiizoee, kwa sababu ikimezwa mara kwa mara yenyewe huleta maumivu. Tena niimeze maumivu yakianza tu. Nikichelewa, nimekwisha.

Yote haya nilimweleza mume wangu, tumekaa kitandani, televisheni imezimwa. Aliitikia kwa kichwa kila nilipotua. Leo najua kwamba kuitikia kwa kichwa hakukumgharimu kitu.

Mkobani dawa haikuwemo. Asubuhi nilipobadilisha mkoba niliisahau kwenye droo ya kitanda. Nikaomba ruhusa, nikaenda nyumbani nimeziba jicho moja kwa kiganja, napepesuka hadi watu wananipisha. Nilipofika, kipaji cha uso ndiyo kwanza kilikuwa kinaanza kudunda. Nikajiambia bado nimewahi. Nikavuta droo ya kitanda, nikaishika paketi, na ilikuwa nyepesi. Ndani hamkuwa na hata kidonge kimoja.

Mume wangu alikuwa jikoni anaosha vyombo. Ni mtu mwema, na wema wake ndio ulionitia wazimu. Akanieleza bila wasiwasi kwamba mdogo wake alilala kwetu juzi akiwa amevaa miwani, na si hii ninayotengeneza mimi, akaamka kichwa kinampasuka. Shemeji yangu akapewa. Kilipomrudia akapewa tena. Lakini nisijali, yangu ameshairudisha, na akanionyesha mfuko mzima wa parasetamoli.

"Dawa ya kichwa si dawa ya kichwa?" akasema. "Au ulitaka niwe mkono wa birika?"

Damu ilinichemka. Nilimwambia maneno ambayo sitayaandika hapa, na siyajutii. Akanisihi nipunguze sauti, mama amejilaza, naye ameamka na kichwa.

Nikashusha sauti. "Mama umempa?"

"Cha mwisho. Sasa hivi tu, baada ya chai."

Mama mkwe wangu ana mshipa wa moyo ulioziba nusu. Hakuna asiyejua nyumbani kwetu; hata chumvi tunampimia. Nilimkuta ameketi ukingoni mwa kitanda anasugua kifua, jasho limemjaa usoni. Akaniambia ni gesi tu, mwanangu, inabana hapa, halafu inapanda shingoni. Nikamvisha kandambili na kumwambia mume wangu atafute gari. Akasita. Ati nakuza mambo kwa sababu ya hasira. Ni kweli nilikuwa na hasira, na kama nisingekuwa nayo tungeketi pale tukisubiri gesi ishuke. Nikamsukuma nje ya mlango kwa mikono miwili.

Hospitalini taa za mapokezi zilinichoma mpaka kisogoni. Nesi akauliza mgonjwa amemeza nini.

"Dawa ya kichwa," akajibu mume wangu.

Nesi akaandika hivyo hivyo, akatuelekeza kwenye benchi.

"Sumatriptani," nikasema. "Na ana ugonjwa wa moyo."

Kisha nikatapika kwenye pipa la taka mbele ya umati mzima. Nilipoinua uso, mama alikuwa ameshalazwa kwenye kitanda cha magurudumu, anakimbizwa ndani.

Tulisubiri ukumbini, mimi sakafuni, koti nimejifunika kichwani. Nesi alinidunga sindano ya kutuliza kutapika, akaenda kuniulizia ya maumivu. Mume wangu akachuchumaa kando yangu.

"Mbona hukuniambia ni kali hivyo?"

Kama mkono ungeinuka, ningemzaba kibao. Lakini mlango ulifunguliwa na daktari akatoka. Kifua cha mama kimeanza kuachia, akasema, ila moyo wake haujatulia, atalazwa. Halafu akamwuliza mume wangu nani mwingine amepewa dawa hiyo.

"Mdogo wangu, yeye ni mzima kabisa." Akahesabu kwa vidole. "Na jirani yetu. Asubuhi hii. Yule mama wa presha."

Akanigeukia mimi, macho yake yananiomba niseme neno, kama kawaida yake anapoharibu kitu nami nikatengeneza.

"Mpigie," nikamwambia. "Wewe mwenyewe."

Akatoa simu, akakosea namba, akaanza upya. Iliita mpaka ikakata. Akapiga tena.