Mvumo wa Adèle Maliro

Adèle Maliro alikuwa akichambua maharage uani kwake, Musienene, kamyo ya jeshi iliposimama mbele ya nyumba. Hakuinuka. Tangu waliposema Berthe amekufa, hakuwa akiinuka kwa ajili ya mtu yeyote mwenye bunduki, awe mwasi wa kundi la Simba au askari wa serikali.

Berthe alikuwa mdogo wake. Wote wawili walifundishwa na shangazi yao kazi ya mvumo: kushusha sauti hadi tumboni na kuivumisha kinywa kikiwa kimefungwa, mpaka jiwe lililo mbele lianze kuitika. Kila jiwe lina sauti yake. Ukiipata, litapasuka ukitaka, au litashikamana na mwenzake. Wabelgiji waliwakamata wanawake wa mvumo wakawapasulisha mawe ya barabara. Uhuru ulipokuja watu walicheza, na Adèle akadhani sasa atavumisha mawe ya shamba lake tu, udongo usiteremke na mvua.

Mwaka wa nne wa uhuru, mwaka 1964, wakaja Simba. Walimchukua Berthe, wakamwamuru avumishe risasi zigeuke maji.

"Jiwe inakaa, njo maana inasikia," Berthe aliwaambia. "Risasi haingojake mutu."

Walimsimamisha mbele yao kwenye daraja, karibu na Beni. Risasi ya kwanza ya serikali ilimpata yeye.

Sasa serikali hiyohiyo ilikuwa uani kwake. Askari wawili walimpakia kwenye kamyo, wakapita Butembo bila kusimama, na kabla ya saa sita walikuwa Beni, mbele ya depo ya kahawa yenye kuta za mawe. Kando ya ukuta wa barabarani alisimama Hippolyte Kalala, mtu wa Kasai aliyetumwa kuwa administrateur, mkuu wa eneo lile. Shati lake lilikuwa limepigwa pasi.

"Mama, pole na mudogo yako," alisema. "Baasi ba Simba njo balimuua."

"Risasi ilikuwa ya nani?"

Kalala alijipangusa shingo. "Tuache ile. Humu ndani muko batu makumi tatu na mbili ya Mulekera. Balilisha Simba. Nikibapiga risasi, colonel ataomba rapport, na bapadri bataandika Ulaya. Lakini nyumba ikibaangukia, ni accident. Unanisikia?"

Adèle alimsikia.

"Balilisha Simba sababu Simba balikuwa na bunduki," alisema. "Na wewe, chef, siku Simba balifika ulikuwa wapi?"

Kila mtu Beni alijua. Siku ya kwanza tu Kalala alipanda gari la ofisi akakimbilia Uganda, akawaacha watu wake mikononi mwa waasi mpaka jeshi lilipomrudisha. Askari mmoja alitazama chini. Kalala akasogea karibu.

"Ukikatala, utaingia nabo. Nitatafuta mwengine."

Shangazi alikuwa amewakataza kuvumisha wakiwa na hasira. Sauti yenye hasira haichagui jiwe, alisema. Adèle alilikumbuka hilo vizuri, akaweka kiganja ukutani. Ndani mtu alikuwa akikohoa. Akapaza sauti kwa Kinande, lugha ambayo Kalala hakuijua: tokeni kwenye ukuta huu, nendeni wote upande wa nyuma.

"Unabaambia nini?"

"Ninabaaga."

Akasogea hadi kwenye kona, akafunga kinywa, akaanza. Hakutafuta sauti ya jiwe polepole kama alivyofundishwa. Alitoa hasira yote kwa mkupuo mmoja: daraja, barabara ya Wabelgiji, lile shati la pasi. Vumbi lilitoka kati ya mawe. Askari walikimbia. Kalala alichelewa, na ukuta mzima ukalala barabarani, ukamfunika hadi kiunoni.

Watu walitoka mbio katika vumbi, wakaingia kwenye mashamba ya kahawa. Adèle hakuwatazama. Alimwendea Kalala, bado akivuma, na mawe juu ya miguu yake yakaanza kusagana.

"Mama, pardon! Pardon!"

Aliendelea. Alitaka kummaliza, na angemmaliza. Hakumhurumia hata kidogo. Koo lake ndilo lililopasuka, damu ikajaa kinywani na sauti ikakatika. Mwanamke mmoja wa waliotoka, Vagheni, alimshika mkono akamburuta hadi porini.

Kalala alikatwa mguu mmoja, akahamishwa mkoa mwingine, akapewa ofisi kubwa zaidi. Watu thelathini na mmoja walipona. Wa thelathini na mbili, seremala Gérard, aliangukiwa na boriti ya paa. Hasira ya Adèle ilikuwa imelegeza pia mawe yaliyoishika boriti hiyo.

Vita vilipotulia, Adèle alikwenda Mulekera kwa Julienne, mjane wa Gérard. Tangu koo lipasuke, alibaki na mnong'ono tu.

"Boriti, ni mimi niliiangusha."

Julienne alikuwa akimenya viazi. Kisu kilisimama.

"Balikwisha kuniambia. Na ndugu yangu balimutoa mule muzima, sababu yako." Akatupa kiazi ndani ya sufuria, maji yakaruka. "Sasa mimi nifanye nini na wewe? Nikuchukie nusu?"

Adèle alisimama pale mlangoni, hasira ingali nzima na pa kuipeleka hapana.

"Enda," Julienne alisema. "Leo enda."

Akaenda.